Kukadiria idadi ya watu wa kale kutokana na vigae vya vyungu vilivyotapakaa ardhini: hesabu ianzie wapi?

Nyayo_za_Kale:

Wakuu, salaam. Tunaandaa kazi ya kutembea bonde la mto lenye eneo la kilomita za mraba 12. Kama theluthi mbili ni mashamba yanayolimwa, sehemu iliyobaki ni nyasi na vichaka, na upande mmoja kuna kilima chenye msitu. Tunataka kujua watu walikaa sehemu zipi kati ya takriban mwaka 500 na mwaka 1500, walikuwa wangapi, na makazi yalisogea vipi ndani ya bonde karne hadi karne.

Tuko watembeaji watano. Tuna jipiesi za mkononi, mifuko, machekeche na sepetu. Fedha za maabara zinatosha vipimo 15 vya radiokaboni (kujua umri wa mbegu, mkaa au mfupa kwa kaboni 14 iliyobaki ndani yake), si zaidi.

Ripoti nyingi ninazosoma zina hesabu fupi: hekta zenye vigae zinazidishwa kwa idadi fulani ya watu, jibu linatoka. Au nyumba zinazidishwa kwa watu watano. Je, hesabu hiyo inasimama? Kama haisimami, tukusanye nini uwandani tangu siku ya kwanza ili baadaye tusijikute kuna jambo la lazima ambalo hakuna aliyeliandika?

Mtembezi_Bonde:

Karibu mkuu. Nianze na kutembea, maana kosa la uwandani halirekebishiki mezani.

Watembeaji wapangwe mstari mmoja, mtu na mwenzake waachane mita 15. Kila mmoja anakagua ukanda wa mita 2, yaani mita moja kila upande wake. Kwa hiyo kati ya kila mita 15 mnaona mita 2, kama asilimia 13 ya ardhi. Kilomita moja ya mraba itahitaji mistari 67, sawa na kilomita 67 za kutembea. Gawa kwa watano, kila mtu kilomita 13 na ushee. Kwa mwendo wa kukagua, kuokota na kuandika, hiyo ni kazi ya siku moja na nusu hadi mbili. Bonde lenu lote ni siku 18 hadi 24, mbali na siku za mvua na za kuosha vigae.

Mtashawishika kuachana mita 30 ili kuokoa siku. Kabla ya kuamua, piga hesabu hii. Eneo la vigae lenye kipenyo cha mita 10 litaguswa na ukanda wa mtembeaji kwa nafasi ya (10 + 2) ÷ 15, yaani asilimia 80. Mkiachana mita 30, nafasi inashuka hadi asilimia 40. Na kuguswa bado si kuonekana. Kama eneo hilo lina kigae kimoja kwa kila mita 20 za mraba, ukanda unaopita katikati yake, mita 10 kwa 2, unakutana kwa wastani na kigae kimoja tu. Mtembeaji akiwa amechoka au jua linampiga usoni, kinampita. Makazi madogo ya familia moja ndiyo yanayopotea kwa njia hii, na kwenye mabonde mengi hayo ndiyo makazi yaliyo mengi.

Msiandike "makazi namba 1, makazi namba 2" mkiwa uwandani. Andikeni idadi ya vigae kwa kila mtembeaji kwa kila mita 50, hata pale ambapo ni sifuri. Sifuri iliyoandikwa ni data. Nafasi tupu kwenye fomu haimwambii mtu kama hapakuwa na kigae au hapakupitwa. Mipaka ya makazi mtaichora baadaye kwa kulinganisha msongamano na ule wa kawaida wa bonde zima. Mashamba yaliyokuwa yakiwekewa samadi iliyochanganyika na taka za nyumbani huwa na vigae vichache kila mahali, na anayeita kila kundi la vigae vitatu "makazi" atalijaza bonde watu ambao hawakuwahi kuwepo.

Kila kipande cha ardhi kikadiriwe pia uwazi wake: ni asilimia ngapi ya udongo inaonekana chini ya majani? Vigae 6 kwenye uwazi wa asilimia 30 vinasahihishwa kuwa 20. Kigae 1 kwenye uwazi wa asilimia 5 nacho kinasahihishwa kuwa 20, lakini hiyo ya pili msiiamini hata kidogo, kwa sababu kigae kimoja pungufu kingewapa sifuri. Mimi sisahihishi chochote kilicho chini ya asilimia 20. Hapo nachimba.

Kwenye nyasi na vichaka, basi, chimbeni mashimo ya majaribio kila mita 20, sentimita 40 kwa 40, hadi udongo usio na dalili ya binadamu, na udongo wote upite kwenye chekeche la matundu ya milimita 5 au 6. Shimo la namna hiyo lina eneo la mita za mraba 0.16. Penye vigae 5 kwa kila mita ya mraba, shimo moja litatoka tupu kwa nafasi ya karibu asilimia 45, ingawa limechimbwa katikati ya makazi. Likiongezwa kuwa sentimita 50 kwa 50, nafasi ya kutoka tupu inashuka hadi asilimia 29. Hizo ni namba za vigae vilivyotapakaa sawasawa. Vikiwa vimelundikana, hali ni mbaya zaidi. Shimo moja tupu lisiwafanye mfute eneo.

Mashimo haya ndiyo yanayowatoa watu walioishi kwenye nyumba za fito na udongo. Jiwe huonekana kutoka mbali, udongo hurudi kuwa udongo. Kaskazini mwa Pemba ilibidi yachimbwe mashimo ya namna hii ili vijiji vya nyumba za udongo, vilivyokuwepo sambamba na miji ya mawe, vionekane. Kwenye chekeche tafuteni mabonge ya udongo wa kukandikia yaliyoungua. Geuza bonge taratibu: upande mmoja una mfereji laini wa duara, alama ya fito, mara nyingine na mistari midogo ya kamba iliyofunga fito hizo, upande wa pili ni bapa, mahali mkono ulipolainisha ukuta. Pima kipenyo cha mfereji na uandike. Bonge moja la namna hiyo kwangu lina uzito kuliko vigae hamsini, kwa sababu kigae husafiri, ukuta hausafiri.

Mwisho, badilishaneni nafasi kwenye mstari kila siku. Watu hawaoni sawa, na tofauti kati ya mtembeaji hodari na aliye mgeni inatosha kuchora "mji" upande wa kushoto wa bonde. Asilimia 10 ya vipande irudiwe na watu tofauti, ikiwezekana baada ya mvua kuosha vumbi juu ya vigae.

Tabaka_la_Tatu:

Mtembezi amemaliza upande wa miguu. Mimi niingie kwenye hesabu, kwa sababu hapo ndipo makadirio mengi yanapoharibika hata kama uwandani mambo yalikwenda sawa.

Swali la kujibu ni hili: ni nyumba ngapi zilikuwa na moto jikoni usiku ule ule? Ramani yako haijibu swali hilo. Inaonyesha nyumba zote za kipindi kizima zikiwa zimelaliana.

Tuchukulie mfano. Umepata misingi ya nyumba 120 zenye vyungu vya aina moja. Aina hiyo ya vyungu ilitumika miaka 300. Nyumba ya fito na udongo ilidumu, tuseme, miaka 15 kabla ya kuachwa na nyingine kujengwa pembeni. Nyumba zilizokaliwa kwa wakati mmoja ni 120 × 15 ÷ 300, yaani 6. Ukizidisha kwa watu watano unapata watu 30. Aliyezidisha 120 moja kwa moja alipata 600. Ni kijiji kile kile, vigae vile vile, na majibu yanatofautiana mara ishirini.

Sasa badilisha dhana kidogo. Nyumba ikidumu miaka 25, zinakuwa 10 kwa wakati mmoja. Kipindi kikiwa miaka 200 na nyumba ikadumu 25, zinakuwa 15, watu 75. Kwa hiyo jibu lako la haki ni "kati ya 30 na 75", na msomaji aone dhana zilizokufikisha hapo. Pia fomula inachukulia kwamba nyumba mpya haikujengwa juu ya ya zamani. Penye sakafu tatu zilizopangana, msingi mmoja ni nyumba tatu, na lazima uchimbe walau sehemu chache kujua wastani wa sakafu kwa kila msingi.

Kuhusu kizidisho cha watu: mwaka 1962 Raoul Naroll alilinganisha jamii 18 na kupendekeza mita za mraba 10 za eneo lililoezekwa kwa kila mtu. Namba hiyo ilienea kote. Uchunguzi uliorudia data ya aina hiyo mwaka 1987 ulishuka hadi takriban mita 6. Chukua nyumba ya mita za mraba 30: kwa Naroll ni watu 3, kwa hesabu ya pili ni 5. Na eneo lililoezekwa ni pamoja na ghala na zizi, kwa hiyo kabla hujagawanya, jua chumba kilikuwa cha nini. Jiko huacha majivu na udongo uliogeuka mwekundu. Zizi huacha fosfeti nyingi na matabaka membamba ya kinyesi yanayoonekana kwa hadubini.

Watu kwa hekta ni njia duni zaidi. Kwenye miji ya kale ya Mashariki ya Kati hutumika watu 100 hadi 200 kwa hekta, lakini ile ni miji ya kuta zinazogusana. Kijiji chenye bustani kati ya nyumba hakifiki hata robo yake. Isitoshe, hekta zenyewe zimetanuka: jembe huvuta vigae kila msimu, na mteremko huvimalizia.

Jambo moja zaidi ambalo huachwa. Urefu wa vipindi. Ukiwa na makazi 20 ya kipindi cha miaka 400 na makazi 12 ya kipindi cha miaka 100, usiseme watu walipungua. Katika kipindi kirefu, makazi yale 20 yanaweza kuwa ni jamii ndogo iliyohama mara nyingi. Mwaka 1991 Robert Dewar alipendekeza kuiga mchakato huo kwa kompyuta: unaangalia makazi mangapi yalitoka kipindi kilichotangulia, mangapi yaliendelea kipindi kinachofuata, na mangapi yalianza na kufa ndani ya kipindi, kisha kompyuta inayapa makazi hayo tarehe za kuanza na kuachwa kwa bahati nasibu mara maelfu. Unapata idadi ya makazi yaliyokuwa hai kwa mwaka wowote, pamoja na upana wa shaka.

Na kama kuna kambi za kiangazi ukingoni mwa mto, familia moja umeihesabu mara mbili. Angalia kama kuna mawe ya kusagia mazito, mashimo ya kuhifadhia nafaka, makaburi. Mahali pasipo na hata kimoja kati ya hivyo ningepaweka kando kwanza.

Nyayo_za_Kale:

Shukrani sana wakuu. Hesabu ya 120 kuwa 6 imebadilisha mpango wetu mzima. Lakini sasa kama aina za vyungu zinatoa vipindi vya miaka 300, je, tusitumie tarehe za radiokaboni zenyewe kama kipimo cha idadi ya watu? Nimeona michoro inayojumlisha tarehe nyingi, mstari unapanda pale watu walipoongezeka.

Mkaa_na_Mbegu:

Kwa vipimo 15, hapana. Nieleze kwa nini, halafu niseme vipimo hivyo vitumike wapi.

Wazo lilitolewa na John Rick mwaka 1987 akitumia tarehe za Peru: watu wengi huacha moto mwingi, moto mwingi huacha mkaa mwingi, kwa hiyo tarehe nyingi ni dalili ya watu wengi. Ili mchoro usiwe kelele tupu unahitaji mamia ya tarehe. Wengi wanataka angalau 200, wengine 500. Tarehe za mahali pamoja zinazokaribiana lazima kwanza ziunganishwe kuwa kundi moja, vinginevyo makazi yaliyopata mfadhili tajiri yataonekana kama mji mkuu. Halafu mabaki ya zamani zaidi yamepata muda mrefu zaidi wa kuharibika, kwa hiyo mchoro hupanda kuelekea sasa hata kama watu hawakuongezeka. Kuna pia mkunjo wa urekebishaji wenyewe, yaani mstari wa kugeuza kipimo cha kaboni 14 kuwa miaka ya kalenda: kiasi cha kaboni 14 hewani hakikuwa sawa nyakati zote, na pale mkunjo unapolala, kama kati ya mwaka 800 na 400 KK, tarehe za miaka mingi tofauti hujibanza kuwa jibu moja pana. Unapoporomoka, tarehe hujikusanya na kutengeneza kilele cha uongo. Ukiona kilele kwenye mchoro wa mtu, kabla ya kukiamini kiweke juu ya mkunjo wa IntCal20, au SHCal20 kwa kusini mwa dunia, uone kama hakiangukii pale mkunjo unapoporomoka.

Vipimo vyako 15 vipeleke kwenye kazi moja: kuvunja kipindi cha miaka 300 kuwa vipande vya miaka 100 au chini ya hapo. Chagua sehemu mbili zenye matabaka mazuri yaliyopangana, mahali aina moja ya chungu inapokwisha na nyingine inapoanza. Pima tabaka lililo chini ya badiliko na lililo juu yake, mbegu mbili kwa kila tabaka. Mpangilio wa matabaka ukiingizwa kwenye programu kama OxCal, unabana tarehe: cha chini lazima kiwe cha zamani kuliko cha juu, na kila tarehe inapunguza upana wa mwenzake. Tumia vipimo 10 au 11, uyaone majibu, ndipo uamue vilivyobaki viende wapi. Kupeleka vyote 15 siku moja ni kujifunga mikono.

Pima mbegu, si mkaa wa gogo. Kiini cha mti wa miaka 200 kilikufa miaka 200 kabla ya mti kukatwa, na tarehe inakupa kifo cha kiini. Mbegu ya nafaka ni ya mwaka mmoja. Ili kuzipata, chukua lita 10 hadi 20 za udongo kwa kila tabaka, uziloweke kwenye pipa la maji, ukoroge taratibu. Vilivyoungua huelea na kumiminikia kwenye kitambaa cha matundu ya milimita 0.25 au 0.3. Kausha kivulini, kwani jua kali hupasua mbegu. Fungia kwenye karatasi ya alumini, kamwe si pamba wala karatasi ya kawaida, maana nyuzi zake ni kaboni ya leo.

Makombe ya baharini na mifupa ya watu waliokula samaki wa baharini kwa wingi hutoa tarehe zilizozeeka kwa takriban miaka 400, kwa sababu kaboni ya bahari huchelewa kuzunguka. Kiwango hutofautiana pwani hadi pwani. Viepuke kama mbegu zipo.

Na kwa kuwa kipindi chenu kinapita mwaka 775: mkibahatika kupata boriti yenye pete nyingi za ukuaji, msiitupe. Fusa Miyake na wenzake walionyesha mwaka 2012 kuwa kaboni 14 iliruka ghafla kati ya mwaka 774 na 775. Boriti yenye pete hiyo unaweza kuhesabu pete kutoka hapo hadi kwenye gome ukapata mwaka kamili mti ulipokatwa. Ni nadra, lakini ni zawadi.

Kekee_Ardhini:

Natofautiana kidogo na Mtembezi kuhusu pa kuanzia. Hili ni bonde la mto. Kabla mtu hajatembea hata mita moja, tobolewe.

Mto hufurika na kutandaza tope. Kama kuna mita moja na nusu ya tope lililoletwa baada ya mwaka 1500, mtatembea juu yake siku kumi, mtaandika sifuri safi kila mita 50, na ramani itasema watu waliukimbia mto. Watu walikuwa hapo hapo, chini ya miguu yenu.

Chukueni kekee ya mkono yenye kipenyo cha sentimita 7, mtoboe mistari mitatu au minne ya kukata bonde kutoka mteremko mmoja hadi mwingine, tundu kila mita 50, kina cha mita 3 au 4 panaporuhusu. Udongo unaotoka upangwe kwenye turubai kwa mfuatano, kila sentimita 20 pake, na upigwe maji kidogo ili rangi ionekane. Mnachotafuta ni mstari mweusi wenye vinyweleo vya mizizi katikati ya tope la rangi moja: huo ni uso wa ardhi wa zamani. Ukiwa na chembe za mkaa au vigae vya ukubwa wa ukucha, mna makazi yaliyofukiwa. Penye tope nene lisilo na vitu vya kaboni, umri wake hupatikana kwa kupima mwanga uliofungika ndani ya chembe za mchanga tangu zilipoonja jua mara ya mwisho. Sampuli huchukuliwa kwa bomba la chuma lililopigiliwa kwenye ukuta wa shimo, na ncha zote mbili huzibwa papo hapo. Mwanga ukiingia, umri unafutika.

Mkimaliza, gawanyeni bonde sehemu tatu kwenye ramani: ardhi iliyo wazi tangu kale, ardhi iliyofukiwa, na ardhi iliyomomonyoka. Sifuri ya sehemu ya pili na ya tatu isiingie kwenye wastani wa bonde. Hapo sitaki mjadala.

Kwa kilima chenye msitu, kama kuna data ya laida ombeni mpewe. Ndege hurusha mapigo ya mwanga, machache hupenya kati ya majani na kurudi kutoka ardhini, na hayo machache ndiyo yanayochora umbo la ardhi. Petén, kaskazini mwa Guatemala, laida ya kilomita za mraba 2,144 ilionyesha majengo 61,480 ya Wamaya, na matokeo hayo, yaliyochapishwa mwaka 2018, yalisukuma makadirio ya nyanda za kati za Wamaya hadi milioni 7 hadi 11 kwa kipindi cha mwaka 650 hadi 800. Namba ya majengo ni kipimo. Namba ya watu imepitia dhana zile zile alizozieleza Tabaka.

Tahadhari mbili za laida. Programu inayotenganisha ardhi na majani hukwangua pia kuta fupi ikidhani ni vichaka, kwa hiyo ombeni alama ghafi, msikubali picha iliyokwisha kusafishwa peke yake. Na picha ya kivuli cha jua la upande mmoja huficha ukuta unaoelekea huko huko jua lilipo: ukuta uliolala kaskazini-magharibi hautaonekana kwa jua la kaskazini-magharibi. Tengenezeni picha za pande nane au zaidi, kisha mwende na miguu mkahakikishe. Kichuguu cha mchwa na kifusi cha nyumba kwenye picha ni ndugu.

Kuhusu ardhi kama kikomo cha watu: tangu Claudio Vita-Finzi na Eric Higgs mwaka 1970, kawaida ni kuchora eneo la mwendo wa saa moja kwa wakulima, kama kilomita 5 pakiwa tambarare. Msichore duara. Kwa fomula ya Waldo Tobler, mtu hutembea kilomita 5 kwa saa kwenye tambarare, lakini kupanda mwinuko wa asilimia 20 kunamshusha hadi kilomita 2.5. Upande wa kilima umbali huo utabanwa nusu. Chakula ambacho ardhi hiyo ingetoa ni dari ya idadi ya watu, nayo haiwaambii kama watu waliifikia. Mimi huitumia kukataa makadirio makubwa mno, basi.

Mtembezi_Bonde:

Kekee, nakubali. Toboeni kwanza, walau mistari miwili, ndipo mpange siku za kutembea. Siku kumi kwenye tope la juzi ni hasara kubwa kwa timu ya watu watano.

Mfupa_na_Jino:

Hamjagusa makaburi, na yakitokea bondeni mtatamani kuyatumia. Kwanza, msifukue bila kibali na bila ridhaa ya jamii inayohusika. Hilo likishakaa sawa, mjue mifupa inajibu nini.

Watu huhesabu umri wa waliokufa na kusema "waliishi wastani wa miaka 25". Mwaka 1982 Jean-Pierre Bocquet-Appel na Claude Masset walionyesha tatizo: umri wa mtu mzima unaokadiriwa kwa mifupa hufuata mkusanyiko wa mifupa uliotumika kutengenezea kipimo, hivyo makaburi yenu yanaweza kuwa yanaakisi kikundi kingine kabisa cha watu. Lililo salama zaidi ni uwiano: waliokufa wakiwa na miaka 5 hadi 19, gawa kwa wote waliokufa wakiwa na miaka 5 na kuendelea. Watoto chini ya miaka 5 huachwa nje kwa sababu mifupa yao huoza upesi na mara nyingi walizikwa pengine. Umri wa vijana husomwa vizuri kwenye meno na ncha za mifupa ambazo hazijaungana.

Kinachowachanganya wengi ni maana yake. Uwiano huo ukipanda, mtu hudhani vijana walikufa zaidi. Kwa kweli unaonyesha zaidi uzazi kuliko vifo: jamii inayozaa sana ina vijana wengi, kwa hiyo hata kati ya wafu wake vijana ni wengi. Jamii inayokua inaweza kuonekana kama jamii inayoteketea. Vivyo hivyo alama za ugonjwa kwenye mfupa. Huchukua muda kujitokeza, hivyo aliye nazo aliishi na ugonjwa, na mwenye mifupa safi huenda alikufa wiki ya kwanza. James Wood na wenzake walilieleza hilo mwaka 1992 na hadi leo ripoti nyingi hazilizingatii.

Kwa swali la kuhama, tumieni meno. Gamba la gego la kwanza hutengenezwa tangu karibu na kuzaliwa hadi kama miaka 3, na halibadiliki tena. Uwiano wa strontiamu 87 kwa 86 ndani yake (aina mbili za atomi za elementi inayotoka kwenye miamba na kuingia kwenye chakula) unafuata miamba ya mahali mtoto alipolelewa. Lakini bila ramani ya strontiamu ya bonde lenu namba haina pa kulinganishwa: kusanyeni mimea na konokono kwenye kila aina ya mwamba, mbali na mashamba yenye mbolea ya dukani. Na kama miamba ya bonde la jirani ni ya aina moja na yenu, waliohama kutoka huko hawataonekana kabisa.

Nyayo_za_Kale:

Nimeandika yote. Swali la mwisho: mashamba yatatupa maelfu ya vigae na hatuna pa kuvihifadhi. Tuokote vipi?

Mtembezi_Bonde:

Hesabuni vyote vinavyozidi sentimita 2, mpime na uzito, kwa sababu chungu kimoja kilichokanyagwa na trekta huwa vigae 80 na uzito haubadiliki. Kisha beba midomo, vitako, mishikio na vyenye mapambo, pamoja na vigae 20 vya kawaida kwa kila kipande cha ardhi, viokotwe vya kwanza mnavyokutana navyo bila kuchagua vizuri. Vingine viacheni pale pale.

Kabla hujakiacha kigae, pitisha kidole kwenye ukingo wake. Ukingo mkali wenye rangi tofauti na uso ni wa juzi, jembe limekigonga. Kilitoka ardhini karibu na hapo na chini yake huenda kuna tabaka zima. Ukingo ulioviringika kama kokoto umesagwa na maji au umetembea mashambani miaka mingi. Wekeni safu mbili tu kwenye fomu, "mkali" na "uliosagika", mhesabu kila mita 50. Palipo na wingi wa vikali ndipo pa kupeleka mashimo yenu ya kwanza.